Kero ya biashara jirani: jinsi ya kudai haki yako hatua kwa hatua bila kuishia polisi wewe mwenyewe

Mtu akishachoshwa na grenda ya jirani au mziki wa baa unaopigwa mpaka alfajiri huwa anafanya moja kati ya haya mawili, anatoka na hasira zake kwenda kugombana pale pale mbele ya wateja, au anameza tu mwaka wa kwanza, wa pili, halafu siku moja anaamka anasema naenda mahakamani. Yote mawili yanamgharimu. Sheria ya Tanzania inakulinda dhidi ya kero, hilo halina ubishi, ila inakulinda ukienda kwenye mlango unaohusika ukiwa na maandishi mkononi. Nimekuwa nikisaidia watu wa mtaani kwetu hapa Dar kuandika malalamiko ya aina hii na kitu kinachoniuma ni kuona mtu mwenye haki kabisa anaondoka mikono mitupu kwa sababu hana hata karatasi moja ya kuonyesha.

Twende na mfano mmoja ili tuelewane. Karakana ya kuchomelea mageti na madirisha imefunguliwa kwenye kiwanja cha makazi, mmeshea ukuta. Grenda inawashwa saa kumi na mbili asubuhi inazimwa saa tano usiku, cheche zinarukia kamba ya nguo, jioni wanapuliza rangi na harufu yote inaingia jikoni kwako. Kama kinachokukera ni baa, mashine ya kusaga, saluni yenye jenereta, banda la kuku au jiko la kuchoma nyama badilisha tu jina, njia ni ile ile.

Hatua ya kwanza: pima kama kweli ni kero kisheria

Sio kila kinachokuudhi ni kero mbele ya sheria. Mahakama inaangalia kama mtu wa kawaida, sio mtu mwepesi wa kukereka, angeshindwa kuishi vizuri kwenye nyumba yake kwa sababu ya hicho kitu. Wanaangalia ni saa ngapi, mara ngapi, kwa nguvu gani, na eneo lenyewe likoje. Grenda ya nusu saa mchana Kariakoo na grenda ya saa tano usiku kwenye mtaa wa makazi ni vitu viwili tofauti kabisa.

Kwenye kelele kuna namba zake. Kanuni za mwaka 2015 za viwango vya kelele na mitetemo, zilizotungwa chini ya Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004, zinasema nyumba za makazi ni desibeli (kipimo cha ukubwa wa sauti) 50 mchana na 35 usiku, makazi yaliyochanganyika na biashara na sehemu za starehe ni 55 mchana na 45 usiku, makazi yenye viwanda vidogo vidogo na biashara ni 60 na 50, na maeneo kama hospitali ni 45 na 35. Mchana unahesabiwa kuanzia saa kumi na mbili asubuhi mpaka saa nne usiku. Maongezi ya kawaida ya watu wawili yanafika kama desibeli 60, kwahiyo ukisikia 35 usiku ujue sheria inataka kimya cha kweli.

Hapa kuna maneno mawili utaambiwa na kila mtu na yote yanawatisha watu bure. La kwanza ni "mimi nina leseni". Leseni ya biashara inamruhusu kufanya biashara, haimruhusu kukusumbua. La pili ni "umetukuta hapa, kama hupapendi hama". Hili lina jibu la zamani sana. Mwaka 1879 huko Uingereza kulikuwa na mtengeneza pipi na keki London aliyekuwa anatwanga kwa vinu vikubwa jikoni kwake zaidi ya miaka 20, daktari wa nyumba ya nyuma akaja kujenga chumba cha kuonea wagonjwa kikagusana na ukuta wa lile jiko, akashindwa kusikiliza vifua vya wagonjwa kwa ajili ya mtwango. Akashtaki, na mahakama ikamzuia mwenye vinu pamoja na kwamba yeye ndo alitangulia. Kesi inaitwa Sturges dhidi ya Bridgman. Inatuhusu kwa sababu misingi ya sheria ya kawaida ya Uingereza (common law, yaani ile inayojengwa na maamuzi ya majaji) ilipokelewa hapa kwetu, tarehe ya mapokezi ikiwa 22 Julai 1920, na madai ya kero mahakamani kwetu yanasimama juu ya misingi hiyo hiyo. Kwahiyo mtu aliyehamia jana ana haki ya kulalamika, japo sifichi, ukihamia katikati ya gereji tupu hakimu atakuuliza ulitegemea nini.

Hatua ya pili: fungua daftari leo

Hii ndo hatua ninayoisisitiza kuliko zote. Chukua daftari la shule, andika kila siku kero inapotokea: tarehe, saa ilipoanza, saa ilipoisha, nini hasa kilitokea, nani alikuwepo, wewe au familia mliathirika vipi. Usiandike "wanapiga kelele sana kila siku", hiyo haimsaidii mtu yeyote. Andika hivi:

"Jumanne, saa 4:20 usiku mpaka 5:35 usiku. Grenda na nyundo. Mtoto aliamka mara mbili. Jirani wa chumba cha pili alikuwepo, alitoka kuwaomba wapunguze, wakasema wana oda ya kesho asubuhi."

Kurasa kama hizi za mwezi mzima zina uzito kuliko hotuba ya saa nzima. Ukiongeza na video za simu ni vizuri zaidi, ila rekodi ukiwa ndani kwako au barabarani, usiingie kwenye eneo lake, na usifute faili la asili wala kulihariri. Ukiituma Whatsapp weka na ile ya asili kwenye simu, maana kwa Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015 ushahidi wa simu unakubalika, lakini mahakama inataka ijue umerekodiwa na kifaa gani, na nani, na umehifadhiwaje, na mara nyingi utatakiwa uape kiapo cha maandishi kuhusu hayo. Ile app ya kupima desibeli kwenye simu itumie kujipa picha tu. Kipimo kitakachosimama ni cha mkaguzi mwenye mashine yake.

Kama kuna madhara ya mwili au mali tunza vielelezo. Cheti cha hospitali cha mtoto mwenye kifua, risiti ya dawa, picha ya nguo zilizotobolewa na cheche, picha ya ufa. Mpangaji aliyehama kwa ajili ya kelele, muombe akuandikie karatasi kabla hajapotea.

Hatua ya tatu: mwone, halafu mwandikie

Nenda asubuhi au siku ambayo hakuna kazi, usiende usiku grenda ikiwaka. Muone mwenye biashara mwenyewe, vijana wake hawana mamlaka ya kubadilisha ratiba. Nenda na mtu mzima mmoja anayeheshimika, ambaye baadae atakuwa shahidi. Na uende ukijua unataka nini. Huyu mtu ana familia inakula kutokana na ile karakana, ukimwambia "funga" umemfungia mlango wa maelewano hapo hapo, ila ukimwambia kazi ya grenda iishe saa kumi na mbili jioni, Jumapili isiwepo, rangi ipulizwe upande wa barabara na bati liwekwe kuzuia cheche, hivyo ni vitu anavyoweza kufanya wiki hiyo hiyo. Hata mahakama ukifika nao hupendelea maombi ya aina hiyo.

Akikubali, sawa. Akikubali halafu baada ya wiki mbili akarudia, au akikujibu vibaya, andika barua. Lugha iwe ya adabu, isiwe na tusi wala kitisho hata kimoja, kwa sababu barua hii itasomwa na mtendaji, afisa afya na pengine hakimu. Mfano:

"Kaka yangu, salaam. Nakuandikia kuhusu kazi za karakana yako iliyopakana na nyumba yangu. Tarehe 3 tulizungumza mbele ya Mzee wetu wa mtaa ukakubali kazi ziishe saa 12 jioni. Kuanzia tarehe 12 kazi zimekuwa zikiendelea mpaka saa 5 usiku (nimeambatanisha orodha ya siku na saa). Watoto hawalali na moshi wa rangi unaingia ndani. Nakuomba ndani ya siku 14 kazi za grenda ziishe saa 12 jioni, uweke kizuizi cha cheche upande wangu, na rangi ipulizwe mbali na dirisha la jiko. Nipo tayari kukaa tuzungumze. Isipowezekana nitapeleka suala hili serikali ya mtaa na mamlaka zinazohusika. Jirani yako."

Toa nakala mbili, moja aipokee na ya kwako aisaini. Akigoma kusaini usigombane, shahidi wako aandike kwamba barua imekabidhiwa tarehe fulani akagoma kusaini, asaini yeye.

Wapangaji, msisahau mwenye nyumba. Mwandikieni na yeye. Na kama karakana nayo imepanga, mwandikie mwenye kiwanja kile, maana wengine wakisikia neno NEMC (Baraza la Taifa la Hifadhi na Usimamizi wa Mazingira) na neno faini wanamaliza wenyewe jambo jioni hiyo hiyo.

Hatua ya nne: serikali ya mtaa

Mjumbe ndo watu wengi wanaanza nae na ni sawa kwa heshima, ila karatasi inayohesabika itatoka kwa mwenyekiti wa mtaa na afisa mtendaji. Peleka malalamiko kwa maandishi, ambatanisha nakala ya barua na kurasa za daftari, omba wagonge muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako. Usiondoke bila huo muhuri. Wataita pande zote mbili, mtakaa, mtaongea, na mkifikia makubaliano yaandikwe: kazi zinaanza saa ngapi, zinaisha saa ngapi, nani ananunua bati, lini litakuwa limewekwa. Wote msaini na ofisi igonge muhuri. Makubaliano ya mdomo yanayeyuka mwenyekiti akibadilika.

Na kama mko majirani wengi mnaoteseka, sainini wote. Malalamiko ya kaya kumi na mbili hayawezi kuitwa chuki binafsi, na hilo ndo neno la kwanza mwenye biashara atalisema.

Ukisikia unaambiwa nenda Baraza la Kata, jua kazi yake. Liliundwa kwa Sheria ya Mabaraza ya Kata ya 1985, lina wajumbe kati ya wanne na wanane, mawakili hawaruhusiwi kusimama mle kama mawakili, na tangu marekebisho ya 2021 kwenye mambo ya ardhi kazi yake ni kupatanisha tu ndani ya siku 30. Kama ugomvi wenu una mpaka ndani yake, mfano karakana imemega mita moja ya kiwanja chako, hapo baraza lina nafasi, na mkishindwana mnaenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Kama ni kelele tupu, wasuluhishe sawa, ila usipoteze miezi sita pale.

Hatua ya tano: chagua ofisi kulingana na kero

Watu wanapotea sana hapa kwa sababu kero moja inagusa ofisi nne na kila ofisi inakwambia nenda ile nyingine. Kaa chini ugawe kero yako vipande.

Harufu, majitaka, moshi wa jiko, nzi, takataka, mifugo: hivi ni vya afisa afya wa kata au wa halmashauri. Sheria ya Afya ya Jamii ya 2009 inampa nguvu ya kukagua na kutoa notisi ya kuondoa kero ndani ya muda fulani, na asiyetii anapelekwa mahakamani na serikali, sio na wewe, kwahiyo hakuna gharama ya wakili kwa upande wako. Watu wanadharau hii njia na kwa kweli ndo iliyo fupi kuliko zote. Halmashauri nazo zina sheria ndogo zao za usafi na utulivu, muulize mtendaji wa kata akuonyeshe.

Kelele na mitetemo: NEMC, pamoja na afisa mazingira wa halmashauri. Andika malalamiko, taja mahali kwa usahihi (mtaa, alama ya karibu), taja siku na saa kelele zinapokuwa juu ili wakaguzi wasije saa nne asubuhi wakakuta kimya. Hili la saa ni la muhimu mno, nimeona malalamiko mazuri yakifa kwa sababu mkaguzi alikuja muda ambao baa inafagiliwa. Wakipima wakakuta imezidi wanaweza kutoa onyo, amri ya kurekebisha, faini, hata kufungia. Mwaka 2023 walifungia baa na kumbi za starehe kadhaa kwa ajili ya kelele, kwahiyo usiamini anayekwambia NEMC ni ya viwanda vikubwa tu.

Matumizi ya kiwanja: ofisi ya mipango miji ya halmashauri. Kiwanja kilichopimwa kwa makazi hakigeuki karakana au baa hivihivi, lazima mabadiliko ya matumizi yaombwe na yapitishwe kwa Sheria ya Mipango Miji ya 2007. Uliza swali moja kwa maandishi: kiwanja namba fulani, kitalu fulani, matumizi yake yaliyoidhinishwa ni yapi? Jibu likiwa "makazi" umepata silaha nzito. Ofisi ya biashara nayo uiulize leseni inasema biashara gani, maana kuna mtu ana leseni ya duka la vifaa vya ujenzi huku anachomelea. Kwa baa, leseni ya vileo ina masharti na masaa yake, na wakati wa kuhuisha leseni ndo wakati mzuri wa kupeleka pingamizi la maandishi kwa mamlaka inayoitoa.

Mitungi ya gesi, waya zilizoning'inia, cheche karibu na mafuta: Jeshi la Zimamoto na Uokoaji, na hili usisubiri siku 14 za barua.

Polisi je? Kero kwa umma ni kosa chini ya Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, kwahiyo unaweza kutoa taarifa, hasa kama kelele zinaendelea usiku huo huo au umetishiwa. Chukua namba ya RB, yaani namba ya kumbukumbu ya taarifa yako pale kituoni. Lakini usiifanye polisi kuwa njia yako kuu, wakija watazima mziki leo na kesho kutwa umerudi.

Vitu ambavyo havitakiwi kabisa

Usikate waya wa spika, usizime luku yake, usimwage maji kwenye mashine, usirushe mawe kwenye bati. Hapo unageuka mshtakiwa wa kuharibu mali na kesi yako yote inazama. Usimtukane, lugha ya matusi inayoweza kuvunja amani ni kosa la jinai. Usiweke video yake mtandaoni ukimwita mwizi au mchawi. Na usilipize kelele kwa kelele. Mwaka 1893 huko Uingereza, kesi ya Christie dhidi ya Davey, jamaa alichoshwa na mwalimu wa mziki wa nyumba ya pili akaanza kugonga ukuta na sinia na kupiga miluzi kwa makusudi, mahakama ikamzuia yeye aliyekuwa anakereka kwa sababu alifanya kwa nia ya kuudhi.

Hatua ya sita: mahakama

Kama notisi na barua zimeshindikana, sasa fungua shauri la madai. Kosa linalofanyika sana ni kukimbilia Mahakama ya Mwanzo kwa sababu iko karibu. Dai la kero linalotokana na sheria ya kawaida haliko kwenye mamlaka yake, utahangaika mwaka mzima halafu rufaa ifute kila kitu. Anzia Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi. Muda wa kudai ni miaka mitatu kwa Sheria ya Ukomo, na ingawa kero inayoendelea inazaa haki mpya kila inapojirudia, hasara za zamani zitakupita ukichelewa.

Unaomba nini? Fidia kwa ulichopoteza, na zuio la kudumu, yaani amri kwamba kazi zisifanyike baada ya saa fulani au kwa namna fulani. Kwa kuwa kesi inachukua muda, sambamba na hiyo unaomba zuio la muda chini ya Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai. Mahakama zetu zinatumia vigezo vya kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969: kuna hoja ya msingi ya kuamuliwa na dalili kwamba unaweza kushinda, utapata madhara ambayo pesa haiwezi kuyaponya baadae, na wewe ndo utakayeumia zaidi zuio likikataliwa kuliko atakavyoumia yeye likitolewa. Hiki cha pili ndo kinaangusha wengi. Ukisema tu "nakosa usingizi" wakili wa upande wa pili atasema fidia inatosha. Ukionyesha cheti cha mtoto mwenye pumu na rangi inayopulizwa mita tatu kutoka dirishani, mazungumzo yanabadilika.

Kabla ya kusikilizwa mtapelekwa kwenye usuluhishi wa mahakama. Nenda kwa nia njema, ukiwa na ile orodha yako ya masharti yanayotekelezeka, kwa sababu mkikubaliana pale inaandikwa kuwa amri ya mahakama na ina nguvu sawa na hukumu.

Ukitaka kuishtaki halmashauri kwa kushindwa kuchukua hatua, huo ni mzigo mwingine: notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu anaunganishwa, na shauri linaenda Mahakama Kuu. Mtafute wakili kwa hilo. Asiye na uwezo aulize msaada chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, wasaidizi wa kisheria wapo kwenye wilaya nyingi na mashirika ya msaada wa kisheria kama LHRC, TAWLA na WLAC yanasaidia pia.

Akikaidi zuio usirudi kugombana nae ukutani. Rudi kwenye daftari, andika siku na saa alizokaidi, peleka maombi mahakamani, mtu anayekiuka zuio anaweza kukamatiwa mali au kuwekwa kizuizini kama mfungwa wa madai.

Kama wewe ndo mwenye karakana

Barua ya jirani ikija ijibu ndani ya siku zake, hata kwa mistari mitano, useme utafanya nini na lini. Piga picha bati ulilofunga na ubao wa masaa ya kazi uliobandika mlangoni. Hakikisha leseni inataja kazi unayoifanya kweli, uliza mipango miji kuhusu kiwanja kabla hujaingia mkataba wa miaka mitano, na jenereta iweke mbali na dirisha la mtu, juu ya kitu kinachomeza mtetemo. Mkaguzi akija mpokee, soma notisi vizuri uone muda uliopewa, na ukishamaliza kurekebisha mwandikie umwombe aje apime tena, halafu hiyo karatasi ya kipimo kipya iweke kwenye faili moja na leseni yako.